Bi Nukta na Rufaa ya Tanuri

Jina lake halisi lilikuwa kwenye barua ya ajira na kwenye kitambulisho alichokivaa shingoni, lakini pale mahakamani hakuna aliyelitumia. Kuanzia walinzi wa getini hadi majaji, wote walimwita Bi Nukta. Jina hilo alilipata mwaka wake wa kwanza kazini, akiwa binti wa miaka kumi na tisa aliyejifunza taipureta kwenye darasa la jioni, kwa sababu ya hakimu mmoja aliyeandika kama mtu anayekimbizwa. Katika daftari la kesi, hakimu yule alikuwa ameandika: "Shahidi alisema hapana mlango ulikuwa wazi." Mpiga chapa mwingine angeichapa vivyo hivyo akaenda zake kunywa chai. Yeye aliinuka kwenye kiti, akapanda ngazi, akabisha hodi ofisini kwa hakimu.

"Mheshimiwa, samahani. Hii 'hapana' ni jibu la swali, au shahidi anasema hapakuwa na mlango?"

Hakimu alimkazia macho, kisha akalitazama daftari lake mwenyewe, akacheka mpaka akavua miwani. "Ni jibu, binti. Weka nukta baada ya hapana."

"Mimi siwezi kuiweka, mheshimiwa. Iweke wewe, na sahihi yako pembeni."

Habari ile ilishuka ngazi kabla yake. Alipofika chini, wenzake walishamsubiri na jina jipya, na jina likaganda.

Miaka thelathini na mmoja ikapita. Taipureta ziliondoka, kompyuta zikaja, wasimamizi saba wakahamishwa, na Bi Nukta bado alikuwa kwenye chumba kilekile nyuma ya masjala, meza ya karibu na dirisha, na feni moja iliyozunguka kwa kusuasua juu ya vichwa vya watu wanne. Kidole kidogo cha mkono wake wa kushoto kilikuwa kimepinda kwa kazi, na siku za baridi kilimuuma. Mumewe, fundi saa mwenye kibanda karibu na stendi, alizoea kukikanda kidole hicho baada ya chakula huku akimtania kwamba saa zote za mji anaweza kuzitengeneza, ila kidole cha mke wake kimemshinda.

"Leo umechapa nini?" angemuuliza.

"Karatasi."

"Karatasi za nani?"

"Za serikali."

Fundi saa angecheka peke yake. Miaka yote ile ya ndoa, hajawahi kupata kutoka kwa mkewe hata jina la mtu aliyeshtakiwa kwa kuiba kuku.

Sasa, watu wengi hudhani rufaa za madai huchelewa kwa sababu majaji ni wavivu. Kumbe mara nyingi jaji hana hata cha kusoma. Mtu akishindwa kwenye mahakama ya chini na akakata rufaa, kila neno lililosemwa kule lazima lichapwe na kupangwa upya: maswali, majibu, pingamizi za mawakili, yote. Huo ndio unaoitwa mwenendo wa kesi, na bila huo rufaa hailali wala haiamki. Na hakimu wa chini aliandika kwa mkono, kwa kalamu iliyokuwa ikivuja, miaka kadhaa iliyopita, na sasa amestaafu na yuko shambani kwake. Basi kazi yote hiyo hushuka mpaka kwenye chumba cha wapiga chapa, na humo majalada yalikuwa yamepangana toka sakafuni mpaka usawa wa dirisha.

Jalada la tanuri alilipokea baada ya mwenzake mmoja kupata uhamisho na kuacha meza imejaa. Lilikuwa limekaa miaka minne. Ndani mlikuwa na madaftari manne, kurasa mia tatu na kitu, na kesi yenyewe ilikuwa ya majirani wawili.

Mmoja alikuwa dobi. Alifulia mashuka ya nyumba za wageni na sare nyeupe za wauguzi, na nguo alizianika uani kwenye kamba kumi na mbili. Mwingine alikuwa mwoka mikate, mwenye tanuri la kuni lililojengwa kwa matofali mazito, mgongo wake ukiwa umeelekea ua wa dobi. Moshi wa tanuri ulipita kwenye bomba fupi na kushuka juu ya kamba kumi na mbili. Walianza kwa kuambiana, wakaendelea kwa kutoleana maneno, wakafika kwa mjumbe, na mwisho dobi akaenda mahakamani. Hakimu alimpa ushindi: tanuri lifungwe ndani ya siku tisini. Mwoka mikate akakata rufaa, akapata amri ya kusimamisha hukumu mpaka rufaa isikilizwe. Kwa hiyo tanuri liliendelea kuwaka, masizi yaliendelea kuanguka, na wanaume wawili wenye umri wa kuwa na wajukuu waliishi miaka minne ukuta kwa ukuta bila kusalimiana.

Bi Nukta alichapa jalada hilo kwa wiki tatu. Hakuwa mtu wa kuruka maneno. Wengine wakikutana na jibu lililokatwa katikati na wakili, huliacha, kwa sababu jibu lisilokamilika litamsaidia nani? Yeye alichapa kila kitu, hata vikohozi ikiwa hakimu aliviandika.

Kwenye ukurasa wa sitini na tatu, dobi alikuwa akihojiwa na wakili wa mwoka mikate.

*Swali: Mvua zikinyesha, moshi huo unakusumbua? Jibu: Mvua zikinyesha moshi si kitu. Mvua yenyewe ndiyo inayonimaliza. Nguo zinalala siku tatu mpaka zinanuka. Ningekuwa na mahali pakavu pa kuanikia, hata huo moshi nisinge— Swali: Jibu swali uliloulizwa. Jibu: Haunisumbui.*

Alichapa, akaendelea. Siku nane baadaye alifika ukurasa wa mia moja arobaini na nane. Safari hii aliyekuwa kizimbani ni mwoka mikate, na anayemhoji ni wakili wa dobi.

*Swali: Nyuma ya tanuri lako kuna nini? Jibu: Kuna chumba, tunaweka magunia matupu. Swali: Moshi unaingia humo? Jibu: Hapana, ukuta ni mzima. Unaleta joto tu. Marehemu mke wangu alikuwa anaanika humo sare za watoto wakati wa mvua, saa mbili tu zimekauka. Hata nilitaka nimwambie jirani yangu kwamba— Swali: Sikukuuliza habari za mke wako. Jibu: Samahani.*

Vidole vyake vilisimama. Aliisoma ile "samahani" mara tatu. Kisha alirudi nyuma kwenye kompyuta mpaka ukurasa wa sitini na tatu, akasoma, akaja tena mbele, akasoma. Mtu mmoja anatafuta mahali pakavu. Mwenzake, ukuta wa pili, ana chumba kikavu chenye joto la bure na anaweka magunia. Kila mmoja alifungua mdomo aseme, na kila mmoja akanyamazishwa na wakili wa mwenzake. Na hakimu, ambaye aliyaandika yote mawili kwa mkono wake, aliyaandika kwa kuachana miezi saba.

"Bi Nukta, vipi? Umeona jini?" mwenzake wa meza ya pili alimuuliza.

"Kidole kinauma," akajibu.

Uongo huo ulimsumbua siku nzima. Lakini kilichomsumbua zaidi ni kile alichokijua. Msimamizi wake wa kwanza alimfundisha kwamba mpiga chapa akishaketi mbele ya jalada, mdomo wake ameuacha nyumbani. Mtu hawezi kutoka pale akaenda kwa mwoka mikate akamwambia, baba, mpe jirani yako chumba. Kesho kutwa wakili wa mmoja wao angesimama mbele ya jaji na kusema kuna mtumishi wa mahakama anapita kwa wadaawa akiwashauri, na hapo kazi ya miaka thelathini na mmoja ingekwenda na maji. Aliogopa hata kuwaona. Njia yake ya kurudi nyumbani ilipita mbele ya duka la mwoka mikate, ambamo hakuwahi kuingia. Wiki ile alianza kuzunguka kwa nyuma ya shule, nusu saa zaidi kwa miguu. Mumewe alimwuliza mbona anachelewa. Alimwambia anafanya mazoezi. Fundi saa alimtazama mkewe, ambaye hajawahi hata kukimbilia basi, akaona bora anyamaze.

Alipomaliza ukurasa wa mwisho alipiga moyo konde, akaenda kwa Naibu Msajili.

Naibu Msajili huyo alikuwa mwanamke kijana, ana miezi sita tu tangu ahamie kituo kile. Alikuwa ameanzisha utaratibu wa usuluhishi wa rufaa: kabla jalada halijapangiwa majaji, wahusika wanaitwa kwenye chumba kimoja na kuulizwa kama wanaweza kumaliza wenyewe kwa makubaliano. Watu walimcheka chini chini. Mtu aliyeshinda chini, walisema, atakubali suluhu ya nini? Na aliyeshindwa ameshalipa ada ya rufaa, atarudi nyuma vipi? Katika majalada kumi na manne aliyoyajaribu, alikuwa amefanikiwa mawili.

"Karibu mama, kaa," alisema, akiondoa mafaili kwenye kiti.

"Nitasimama tu, mheshimiwa. Nimekuja kuomba jambo, na kama nimekosea uniambie nirudi zangu." Bi Nukta aliweka jalada mezani, limeshafungwa kwa utepe, vipande viwili vya karatasi vimechomoza. "Mwenendo huu umekamilika. Sina la kusema juu ya nani ana haki. Ninachoomba ni usome hizi kurasa mbili pamoja, moja baada ya nyingine, kabla hujalipeleka kwa majaji."

"Zina nini?"

"Zisome wewe, mheshimiwa. Mimi nimezichapa tu."

Naibu Msajili alisoma. Alisoma huku kalamu ikiwa mdomoni, kisha kalamu ikashuka. Nje, mtu aliita majina ya kesi za asubuhi. Aliposoma mara ya pili, aliinua macho.

"Mama, umechapa majalada mangapi katika maisha yako?"

"Sijawahi kuhesabu."

"Na mambo kama haya umeyaona mara ngapi?"

Bi Nukta aliunyoosha utepe wa jalada. Swali lile lilimwingia vibaya, kwa sababu jibu alilijua. "Mara nyingi," alisema. "Sikuwa na mahali pa kuyapeleka."

Wahusika waliitwa wiki mbili baadaye. Chumba cha usuluhishi kilikuwa stoo ya zamani ya vifaa vya usafi, kimepakwa rangi upya lakini harufu ya sabuni haijaisha. Mlikuwa na meza moja ya duara na viti sita vya aina nne. Kwenye kona, Naibu Msajili alimweka Bi Nukta na kompyuta. "Likitokea la kuandika, liandikwe hapohapo kabla hawajabadili mawazo," alimwambia.

Hivyo ndivyo alivyowaona kwa mara ya kwanza watu ambao alikuwa akiyajua maneno yao yote. Alimfikiria dobi kuwa mtu mkubwa. Kumbe alikuwa mwembamba kama wembe, shati lake jeupe limepigwa pasi mpaka mikunjo inaweza kukata. Mwoka mikate ndiye aliyekuwa mnene, mpole, mikono imejaa alama za kuungua. Kila mmoja alikuja na wakili wake. Walikaa wakitazama pande tofauti, kama abiria wasiojuana.

Mambo yalianza vibaya. Naibu Msajili alieleza kwamba hapa hakuna mshindi wala mshindwa, na chochote kitakachosemwa humu hakitatumika mbele ya majaji wakishindwa kuelewana. Dobi aliinua mkono kama mwanafunzi.

"Mheshimiwa, kwa heshima zote. Unasema hakuna mshindi. Mshindi si nipo hapa? Nina hukumu, ina muhuri. Mimi nimekuja kwa sababu nimeitwa, si kwa sababu nina la kusuluhisha."

"Nawe mzee?" Naibu Msajili alimgeukia mwoka mikate.

"Wakili wangu ataongea."

Wakili wake aliongea. Wakili wa pili akajibu. Walitajiana vifungu vya sheria kwa dakika arobaini, mmoja akipanda mwingine akipanda zaidi, na wenye kesi wakabaki wamekodolea meza. Bi Nukta alikaa na vidole juu ya kibodi, hakuna cha kuchapa. Alikuwa ameleta watu hawa hapa. Ikiwa watatoka wamekasirika zaidi ya walivyoingia, lawama ni ya nani?

Naibu Msajili alinyanyua mkono. "Mawakili, nawashukuru. Sasa naomba nusu saa ya kimya kutoka kwenu. Mama, tusomee ukurasa wa sitini na tatu. Kuanzia swali la mvua."

Bi Nukta hakutegemea hilo. Alivaa miwani yake. Akasoma kama alivyochapa, bila kutia chumvi, sauti tambarare, swali kwa swali, mpaka "jibu swali uliloulizwa" na "haunisumbui". Dobi aligeuza shingo polepole.

"Nilisema hivyo?"

"Ndivyo ilivyoandikwa, baba."

"Nimesahau kabisa. Lakini ni kweli. Mvua ya mwaka jana imenifukuzia wateja watatu."

"Endelea, mama. Mia moja arobaini na nane."

Akasoma. Alipofika kwenye sare za watoto, mwoka mikate aliinamisha kichwa. Alipofika "sikukuuliza habari za mke wako", wakili wa dobi alijishughulisha na mkoba wake. Na alipotamka ile "samahani", alivua miwani. Mwoka mikate alifuta macho kwa mgongo wa mkono wake ulioungua.

Aliyeanza kusema ni dobi. Hakuangalia mtu, aliuliza meza.

"Hicho chumba kina upana gani?"

"Hatua tano kwa nne," mwoka mikate alijibu, naye akiiambia meza.

"Dari?"

"Iko juu. Mtu akisimama akinyoosha mkono haigusi."

"Joto linakaa mpaka saa ngapi?"

"Tanuri nikilizima saa tano asubuhi, ukuta unapoa jioni. Njoo ukakipime mwenyewe. Mlango wake mmoja si uko upande wako? Niliuziba kwa mbao tulipogombana."

Wakili mmoja alitaka kusema kitu. Naibu Msajili alimtazama tu, akaacha.

Walikwenda kukipima siku ya tatu, wenye kesi, mawakili na Naibu Msajili, na Bi Nukta alisikia habari zake kutoka kwa dereva: jinsi mbao zilivyong'olewa, jinsi wakili wa dobi alivyotoka na suti imejaa vumbi la unga, na jinsi dobi alivyoweka kiganja ukutani akakiacha pale muda mrefu, kama daktari anayempima mtu homa.

Waliporudi kwenye kile chumba cha harufu ya sabuni, kila mtu alidhani kilichobaki ni kuandika. Mwoka mikate atatoa chumba, dobi atakitumia bila malipo kwa miaka kumi. Bomba la moshi litaongezwa urefu na kugeuzwa upande wa barabara. Siku za jua, nguo zitaanikwa uani mchana baada ya tanuri kuzimwa. Hukumu ya chini itaondolewa, rufaa itafungwa, na kila upande utabeba gharama zake. Bi Nukta alikuwa ameshafika kipengele cha nne aliposikia kiti kikisukumwa nyuma.

"Siweki sahihi," dobi alisema.

"Kuna nini tena?" Naibu Msajili aliuliza.

"Kuna ukurasa haukusomwa." Alimnyooshea mwoka mikate kidole. "Kuna bibi harusi aliyeniletea gauni, likaharibika. Huyu bwana aliapa mahakamani kwamba madoa yale si masizi yake. Alisema ni pasi yangu chafu. Mbele ya watu! Mimi nimepiga pasi tangu nina miaka kumi na tano, jirani. Nimepiga pasi nguo za mke wako za mwisho. Moshi naweza kuuvumilia. Lakini kuniambia sijui kazi?"

Bi Nukta aliukumbuka ukurasa huo. Ni wa mia moja thelathini na mbili. 

Mwoka mikate alimtazama wakili wake, na wakili akatazama dari. Kisha mzee yule, ambaye siku ya kwanza alimwachia wakili aongee, akasimama, kiti kikaanguka nyuma yake.

"Nilisema uongo," alisema. "Niliambiwa nikisema hivyo nitashinda, na hata kushinda kwenyewe sikushinda. Pasi yako sijawahi kuiona ikichafua hata leso. Siku ile ya msiba ulileta nguo zake zimekunjwa, na sikukulipa, na sikukushukuru. Kisha nikakutukana kizimbani. Nisamehe, jirani."

"Yaandikwe hayo," dobi alisema.

"Nini?" wakili alishtuka. "Hicho si kipengele cha makubaliano. Radhi haitekelezeki kisheria."

"Mimi sijui kutekelezeka. Nataka iandikwe, tena iwe ya kwanza. Alinitukana kwa maandishi, na radhi nataka kwa maandishi."

Wote waligeuka kuitazama kona. Bi Nukta alirudi juu ya ukurasa, akasogeza vipengele vyote chini, akaacha nafasi.

"Niandike vipi, baba?" alimwuliza mwoka mikate. "Sema taratibu."

"Andika hivi: mrufani anakiri kwamba mjibu rufaa ni dobi safi na hajawahi kuchafua nguo ya mtu."

"'Ni dobi safi' na nukta, au yote ni sentensi moja?"

Dobi alifikiri. "Nukta," alisema. "Iwe peke yake, ionekane."

Naibu Msajili aligeukia dirishani, mabega yakimtikisika kwa kicheko alichokizuia. Lakini nukta iliwekwa. Hati ikachapwa nakala sita, sahihi zikapigwa, na wiki iliyofuata jaji akaikubali kuwa amri ya mahakama kwa dakika nane. Jaji alipofika kipengele cha kwanza alisimama, akakisoma kwa sauti, akauliza kama wahusika wote wanakitaka kibaki. Walisema wanakitaka.

Tangu hapo Naibu Msajili aliweka daftari jembamba kwenye meza ya Bi Nukta. Mpiga chapa yeyote akikuta kitu, aliandika namba ya jalada na namba za kurasa, basi, bila maoni, na daftari lilipanda ghorofani kila Ijumaa. Wenzake walianza kuchapa polepole kidogo, wakisoma wanachochapa. Katika miaka mitano iliyobaki kabla hajastaafu, Bi Nukta mwenyewe aliandika humo majalada kumi na moja. Saba yaliisha kwa makubaliano. Manne yalishindikana, mojawapo likiwa la ndugu wa tumbo moja waliogombea kisima, na walitoka kwenye chumba kile wakitukanana mpaka getini. Hilo lilimuuma sana. Alichapa hukumu yao ya rufaa kwa uangalifu uleule, neno kwa neno, akaifunga kwa utepe.

Mwoka mikate alileta mikate mahakamani mara mbili, imefungwa kwenye kitambaa cheupe kilichopigwa pasi, na mara mbili Bi Nukta aliirudisha. "Nashukuru, baba, lakini sichukui kitu cha mwenye jalada." Naye alielewa, au alijifanya ameelewa.

Baada ya kustaafu, asubuhi moja ya mvua kubwa, alimshika mumewe mkono wakaenda mpaka kwenye lile duka. Walipanga foleni kama watu wote. Ndani mlikuwa na joto na harufu ya mkate, na kutoka nyuma zilisikika sauti za wanaume wawili.

"Nimekwambia upepete unga upande ule! Tazama suruali nyeusi ya mwalimu mkuu!"

"Chumba cha nani hiki?"

"Soma kipengele cha tatu, kama unajua kusoma!"

"Kipengele cha tatu kinasema uingilie mlango wako. Wewe kila siku unapitia dukani kwangu na ndoo inavuja!"

"Si kwa sababu mlango wangu umekwama? Umeahidi kuutengeneza tangu lini?"

"Mvua ikikatika."

"Mvua ikikatika nitauhitaji wa nini?"

Watu kwenye foleni walikuwa wanacheka, ilionekana wamezoea. Mwoka mikate alitoka akijifuta mikono, akafika kwenye kaunta, na alipomwona mwanamke aliyesimama mbele yake uso ulimfunguka.

"Mama! Karibu sana. Leo huna jalada langu, eh?"

"Sina, baba. Nimestaafu."

"Basi mikate miwili, na hulipi."

"Nalipa," alisema Bi Nukta, na alikwishaweka hela kwenye kaunta. "Nipe ile iliyoiva zaidi, mzee wangu hapendi laini."

Kutoka nyuma dobi alichungulia, bega limebeba mashuka makavu, akaona ni nani, akashusha mzigo wake juu ya gunia ili aje kumsalimia vizuri kwa mikono miwili.